Upana wa Reli Yetu

Sifa ni za Mungu, aliyeusimamisha Mlima Meru kwa kipimo chake mwenyewe bila kuazima rula ya mtu. Amenifikisha uzeeni macho yangu yakiwa bado yanasoma milimita, nami namshukuru.

Nakumbuka Jumamosi moja, kesho yake ikiwa Sikukuu ya Mavuno usharikani kwetu Moshono. Desturi yetu unaijua, mwanangu: kila mtu huleta malimbuko ya kazi yake, yanawekwa mbele ya madhabahu, kisha yananadiwa nje baada ya ibada. Wenzangu walikuwa na mahindi, ndizi na majogoo. Mimi nilikuwa ndiyo kwanza nimehitimu useremala, sina shamba wala banda. Malimbuko yangu yalikuwa treni ndogo ya mbao, mfano wa ile iliyokuwa ikiingia stesheni ya Arusha.

Reli zake nilipewa na mwalimu wa kwaya, aliyesoma Ujerumani akarudi na boksi la reli ndogo za chuma. Jioni ile alikuja na vijana wake kuiona kazi.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba. Mbona mabehewa yamenona hivi? Umeyalisha pumba?"

Vijana wakacheka.

"Boksi limeandikwa moja kwa themanini na saba," akaendelea. "Wewe umepunguza mara sitini tu. Wazungu wamekosea, ukapatia wewe wa Moshono?"

"Hawajakosea, Mwalimu. Wamepima reli ya kwao."

Nikamweleza taratibu. Kati ya reli na reli palikuwa na milimita kumi na sita na nusu. Zidisha mara themanini na saba, unapata karibu mita moja na nusu, ndiyo reli ya Ulaya. Ya Arusha ni mita moja. Kwa skeli ya boksi, yaani kupunguza mara themanini na saba, treni yetu ingekuwa kama mtu aliyetanua miguu kuvuka mfereji. Lakini ukigawanya mita moja kwa upana wa reli zile, unapata kama sitini. Ndiyo maana nilijenga kila kitu kwa sitini, na mabehewa yakatokeza nje ya reli pande zote, kama unavyoyaona pale stesheni.

"Jenga upya kwa themanini na saba," akasema, "au nirudishie reli zangu. Sitaki jina langu litajwe na kitu kilichokosewa."

"Sijengi upya."

"Unabishana na mtu mzima?"

"Nakuheshimu, Mwalimu. Lakini sitamtolea Mungu treni ambayo haijawahi kufika Arusha."

Nikang'oa reli zake, nikazifuta vumbi, nikamkabidhi. Alipoondoka nikapasua vipande vyembamba vya mbao, nikavipigilia kwenye mataruma, yale magogo madogo yanayolaliwa na reli, kwa upana uleule. Chuma kilikuwa chake. Upana haukuwa wake.

Kesho yake Mchungaji aliipokea pamoja na mahindi. Nje, mnadi alipoiinua, hakuna aliyetaja bei.

"Reli za mti!" mtu akapaza sauti. "Itafika Moshi kweli?"

Nikasimama. "Hazina chuma, lakini kipimo ni cha kwetu. Kama hakuna anayeitaka, Mungu ameshaipokea."

Dereva mmoja wa lori kutoka Lemara akainua jogoo aliyetoka kumnunua. "Nipeni treni, jogoo anadiwe tena!" Uwanja mzima ukacheka, naye akaondoka na treni yake kwapani. Nami sikumdai Mwalimu neno.

Mwanangu, siku hizi mnaagiza treni ndogo mtandaoni, mnasoma namba ya boksi, mnaridhika. Jiulize maswali mawili. Skeli: kitu kimepunguzwa mara ngapi? Geji: kati ya reli na reli pana upana gani? Treni mpya ya umeme inayokwenda Dodoma itakaa sawasawa kwa themanini na saba juu ya reli zile za Mwalimu, kwa kuwa geji yake ni ile ya Ulaya. Ya Arusha kwa skeli hiyo inataka reli za milimita kumi na mbili hivi. Kwa hiyo simwiti mtengenezaji wa boksi mwongo. Alipima kwao, wewe pima kwenu.

Mwamkie aliyekuzidi umri, msikilize mpaka amalize. Akikutaka upotoshe kilicho chako ili kifuate namba ya boksi, kataa, tena mbele ya watu.

Mungu akubariki wewe unayesoma. Akupe mkono usiotetemeka, na uso usioinama unapoambiwa ukweli wako ni makosa. Amina.