Sauti ya Mwanamuke mu Nyumba ya Kapya

“Mutoe inje wewe mwenyewe, ao niingie nimutoe na mufagio!”

Mama Constance alikuwa anapiga makelele mu kiwanja, kule mutaa wa Kenia, Elisabethville, mugongo umegeukia mulango. Mule ndani Kapya, bwana wa binti yake Albertine, alikuwa anajibu ukuta. Si wazimu, bana: mama mukwe na mukwe habaangaliane. Hata bakigombana, kila muntu na upande wake.

“Nimutoe nani, mama?”

“Ule mwanamuke! Majirani bote banamusikia kila mangaribi. Albertine hajamaliza kufungua mizigo kwangu, we unaingiza mwingine?”

“Ni mimi, mama. Ni sauti yangu.”

“Bongo, unanidanganya! Wewe, na ndevu zile?”

Kazi ya Kapya ilikuwa ni sauti. Tangu sinema ya bapadri ilipokuwa bubu, yeye njo alisimama pembeni ya shuka nyeupe, akasemea bote ba mu picha: askari, bibi, farasi. Siku moja alinguruma kama simba, polisi mumoja akapanda juu ya nyumba, akasahau bunduki chini. Anayekataa aulize ile nyumba: mabati yake ingali imebonyea.

Kisha bapadri bakaanza kupiga picha yao hapahapa Elisabethville. Sababu ya ule uso wake wa kukunjamana, Kapya akapewa kuigiza mwizi, akapewa mulozi. Bwana-arusi, hata siku moja. Mu picha ya mwisho alikuwa mulevi anayepiga muke. Basi Albertine akienda ku bomba ya maji, banamuke banamuuliza: “Leo amekupiga wapi?” Kapya hajamugusa hata na kidole! Lakini bantu balikuwa bameona na macho yao. Albertine akachoka na vicheko, akarudia kwa mama yake.

“Kama ni wewe, tusikie,” Mama Constance akasema.

Kapya akaona haya. Kuigiza binti mbele ya mama yake! Lakini akinyamaza, Albertine hatarudia tena. Akakohoa, akatoa sauti ya muke wake.

“Kapya we, umekula? Chungu kimekauka hivi, umekula nini, moshi?”

Mama Constance akajishika kifua. Ilikuwa sauti ya Albertine mwenyewe, hata ile pumzi anavutaka kabla ya kucheka.

“Kila mangaribi?” akauliza, makelele imekwisha.

“Nikitoka kazi. Nyumba inanyamaza sana, mama. Namuuliza habari, ananijibu. Tunagombana hata juu ya chumvi.”

“Na ukimuuliza atarudia siku gani?”

Kapya akapapasa ukuta. “Pale njo sauti yake inanikataa.”

Mama Constance akaikala chini ku kizingiti, pole pole.

“Mwanangu,” akaanza, “Albertine kule kwangu anasemaka…”

Muntu akamuruka pale chini, akaingia mbio. Albertine, jasho usoni: habari ya ule mwanamuke ilikuwa imemufikia na yeye. Akavuta pazia ya kitanda, akaangalia nyuma ya mulango, akainama chini ya meza. Aliposimama, akaona sahani, moja tu, na kijiko chake.

Mama Constance akaamuka ku kizingiti, akaenda kwake bila kumungojea binti yake.