Mwanamke Aliyekuwa Kapteni Dunmore

Cordelia Pruitt hakuwahi kuiona bahari. Alizaliwa mjini kwetu, Ohio, juu ya duka la viatu la baba yake, na mbali kabisa alikofika ni Cleveland, kung'oa jino. Lakini maharamia aliowazamisha huyo mama hawana idadi! Alianza na magazeti ya hadithi, yale ya karatasi duni inayochanika ukiitazama tu. Baadaye wachapishaji wa New York wakampa vitabu vya watoto: safari za Kapteni Rex Dunmore, vitatu kila mwaka. Jaladani aliyetajwa kuwa mwandishi ni Dunmore mwenyewe, na jina hilo lilikuwa mali yao. Mkataba ulimkataza kumwambia mtu yeyote, na siku akichelewesha kazi, jina lingepewa mwandishi mwingine.

Miaka kumi na miwili akafunga mdomo. Ukimuuliza anagonga nini kwenye taipureta kutwa huko juu, anakujibu, "Barua." Jamani, barua gani hizo?

Februari ya 1923, akitoka kanisani, aliteleza kwenye barafu akavunjika mkono wa kulia. Sura tatu zilikuwa zimebaki, na kitabu kilitakiwa New York Jumatatu. Alijaribu kupiga taipureta kwa mkono wa kushoto; asubuhi nzima akaambulia nusu ukurasa. Hakuwa na mume wala mtoto. Alikuwa na kapteni wake tu, alimpenda kwelikweli, na sasa alikuwa anamponyoka.

Jumamosi asubuhi akajikaza, akaenda stesheni kwa Orrin Tuttle, mpiga telegramu wetu, ambaye vidole vyake vilikuwa vyepesi kuliko vya mtu yeyote mjini.

"Nina barua, Bwana Tuttle. Ndefu kidogo. Ya kaka yangu."

Tuttle alijua, kama tulivyojua sote, kwamba Cordelia hana kaka. Akaweka karatasi kwenye taipureta yake. "Haya, Bi Cordelia. Treni ya posta inapita saa kumi."

Cordelia akaanza: "Mamba akafumbua kinywa chake kikubwa..."

Tuttle hakuinua hata nyusi. Akapiga. Wakaenda hivyo kurasa tisa, mpaka Cordelia aliposema, "Barney mpishi akaidaka kamba kwa mikono yote miwili." Mashine ikanyamaza.

"Hapo hapana," akasema Tuttle. "Barney ana mkono mmoja. Wa kulia ulibaki Borneo, kitabu cha nne."

Ni kweli, Cordelia alikuwa amesahau.

"Umejua tangu lini?"

"Tangu kitabu cha pili. Mpishi anayekoroma akiwa amesimama, anayeapa kwa achari ya matango ya mama yake, ni nani kama si mimi? Halafu ukanikata mkono! Nilikununia wiki nzima."

"Na wengine?"

"Mji mzima, mama."

"Mbona hamkusema?"

"Wewe ulitaka siri, tukakutunzia. Halafu tuliogopa. Ukijua tunajiona humo, ungeanza kutuandika kwa adabu, hadithi zingechacha."

Cordelia akacheka, akalia, akapenga kamasi kwa mkono mzima. Kisha akasema, "Barney akaidaka kamba kwa meno."

"Hapo sawa," akasema Tuttle, akaendelea kupiga.

Saa kumi kasoro dakika tano bahasha ilikuwa imefungwa, na Tuttle mwenyewe akaipandisha kwenye treni. Cordelia akafungua mlango wa chumba cha kungojea treni ili aende zake nyumbani. Watu kumi na mmoja walikuwa wameketi humo, hakuna hata mmoja mwenye mzigo. Walikuwa wamesikiliza mlangoni tangu asubuhi.

"Mikate yangu imeungua kwa sababu ya mamba wako," akasema Mama Voss wa duka la mikate, akimsukumia kitabu kilicholegea jalada kwa kusomwa. "Weka jina."

"Jina lipi, Mama Voss?"

"Lako, mwanangu. New York ni mbali."

Cordelia akaketi, akashika kalamu kwa mkono wa kushoto, akaanza kuandika jina lake, mara ya kwanza maishani ndani ya kitabu chake. Lilimchukua muda mrefu. Nyuma ya Mama Voss, wale wengine kumi wakaanza kutoa vitabu vyao makotini.