Tosti ya Dizeli

Kila Jumapili asubuhi Noelene Grady alichoma vipande viwili vya mkate mpaka vikakauka, akavipaka siagi kidogo, kidogo mno, kama alivyokuwa akifanya marehemu Merv. Akavikata vijiti, akavifunga kwenye karatasi, akaificha karatasi chini kabisa ya kikapu, chini ya sweta na chupa ya chai. Kisha akafunga mlango wa wavu ili inzi wasiingie, akaenda kumwona Dizeli.

Dizeli alikuwa kangaruu, jike la kijivu, na aliishi kwenye ile bustani ndogo ya wanyama nyuma ya bwawa la bata, katikati ya mji wa Wirrabilla. Bustani ni ya halmashauri na haina kiingilio. Ukikaza mwendo unaimaliza kabla chai haijapoa. Kuna kangaruu, kuna emu wawili, ndege warefu kama mbuni, wenye hasira, kuna wombati, mnyama mnene kama kijinguruwe, anayelala mchana kutwa akiwaonyesha watoto makalio, na kuna kasuku mweupe mwenye shungi la manjano, aliyeletwa na jamaa za mzee mmoja aliyefariki. Kasuku huyo hukohoa. Kile kikohozi cha mvuta sigara, kirefu, kinachokwama na kuvuta, halafu husema, "Aah, basi tena," kwa sauti ya mtu aliye kaburini. Wageni hucheka mpaka wakashika mbavu. Noelene hakuwahi kucheka, maana Merv naye aliondoka kwa mapafu.

Maisha ya Noelene hayakuwa na makuu. Alifua mashuka ya hospitali ya mji mpaka akastaafu, na hata sasa vidole vyake vilikuwa vimejikunja kama vilivyoshika shuka linalosubiri kukamuliwa. Aliolewa na dereva wa lori. Wakapata mtoto mmoja wa kiume, ambaye siku hizi yuko machimboni upande wa magharibi wa nchi na hupiga simu Krismasi. Merv alikuwa mtu wa barabara, leo yupo, kesho hayupo, na Noelene alizoea kulala upande mmoja wa kitanda bila kuugusa wa pili.

Merv alikuwa na desturi moja, ambayo madereva wa huko wote wanaijua ila si wote wanaoifuata. Akimgonga kangaruu, au akimkuta kagongwa na mwingine, husimama. Hushuka na tochi, akatia mkono kwenye mfuko wa tumboni mwa jike kutafuta mtoto. Akimaliza hupuliza msalaba wa rangi kwenye mzoga, ili dereva anayefuata ajue huyu keshakaguliwa, asijisumbue kusimama. Kopo la rangi ya waridi lilikaa siku zote mlangoni mwa lori lake.

Alfajiri moja alirudi nyumbani shati limetuna tumboni.

"Usiniulize," alisema. "Mama yake nimemgonga mimi."

Ndani ya shati mlikuwa na kitu kidogo, miguu mirefu kuliko mwili, manyoya ndiyo kwanza yanaanza kuota, na kinatetemeka. Noelene alikuwa keshapita umri wa kulea. Akalea. Alitundika foronya ya sufu kwenye kitasa cha mlango wa jikoni, mahali penye joto, akamtia humo kichwa chini miguu juu, maana ndivyo wapendavyo. Alimpa chupa mchana na usiku. Alimpangusa kwa pamba yenye maji ya uvuguvugu ili akojoe, kama mama yake ambavyo angemlamba. Usiku ukiwa wa baridi alimwingiza ndani ya gauni lake la kulalia, asikie moyo wa mtu ukidunda, asijione yuko peke yake duniani. Jina la Dizeli alipewa na Merv. Alisema huyu mtoto anakunywa maziwa kama lori linalopanda mlima linavyokunywa dizeli.

Merv ndiye aliyemfundisha tosti. Asubuhi akinywa chai, Dizeli husimama penye goti lake, akanyoosha vile vimikono vyake vyeusi, akapokea kijiti cha mkate na kukishika kwa mikono miwili, kiungwana, kama mgeni aliyekaribishwa harusini. Merv aliweza kukaa akimtazama mpaka chai ikapoa.

Dizeli alipokua walimpeleka porini, kwenye shamba la rafiki yao, ili ajiunge na wenzake. Akatoroka. Wakamkuta kando ya barabara kuu, kaketi anayasubiri malori. Wakampeleka tena, akarudi tena. Hakumwogopa mtu wala mashine. Mwishowe halmashauri ikakubali kumweka bustanini, la sivyo angekufa kama mama yake.

Na Merv alipolala hospitalini, amevishwa mpira wa hewa puani, juu ya mashuka ambayo Noelene alikuwa ameyafua miaka yote hiyo, kati ya maneno yake machache yalikuwamo haya: "Jumapili usimnyime tosti yake."

Hakumnyima.

Penye wavu wa kangaruu palikuwa na bango lenye herufi nyekundu: USIWALISHE WANYAMA. Noelene alipita mbele yake kila Jumapili, na kila Jumapili aliliona ni la wageni, wale wanaotupa chipsi na vipande vya soseji. Mama gani husomewa bango kabla ya kumlisha mwanawe?

Jumapili tatu nne za mwisho Dizeli alikuwa akiuangusha mkate. Anaupokea, anautia mdomoni, unadondoka. Noelene akadhani ni joto. Basi akawa anauchovya kwanza kwenye chai, ulainike.

Jumapili hii Dizeli hakuja kwenye wavu kabisa. Alikuwa amelala kivulini, chini ya kibanda cha bati, uso umeelekea ukutani. Noelene alimwita, na alipogeuka, upande mmoja wa uso ulikuwa umefura kama aliyeficha yai shavuni, udelele unachuruzika.

"Mama G!" Alikuwa Trent, mtunzaji wa wanyama, kijana mwenye ndevu nyekundu ambaye Noelene alimjua tangu akiwa anaiba mapichi bustanini kwake. Nyuma yake alikuja mwanamke mwembamba amebeba sanduku. "Nilikuwa nataka kukupigia simu."

"Simu ya nini na mimi niko hapa kila Jumapili kama huyo kasuku? Trent, mwanangu, Dizeli anaumwa jino. Mtazame shavu."

"Ingekuwa jino tu ningepata usingizi jana." Trent alivua kofia, akaivaa tena. "Huyu ni daktari wa wanyama. Daktari, huyu ndiye mama yake."

Daktari hakucheka kwa neno hilo. Aliweka sanduku chini. "Mfupa wa taya umeoza, mama. Tulimpiga picha Ijumaa. Umeoza mpaka chini ya jicho. Dawa nimempa, hazikufua dafu."

"Umeozeshwa na nini?"

"Na mkate!" Trent alilitema neno hilo kama kokwa. "Kangaruu kaumbiwa majani magumu. Anatafuna, anatafuna, meno yanajisafisha yenyewe. Mkate unanasa kwenye fizi, unachacha humo, fizi inachanika, uchafu unaingia mpaka kwenye mfupa. Kuna mtu anampa, Mama G. Nimeshaokota makombo hapa mara kibao. Siku nikimtia mkononi huyo mpumbavu nitamlisha hilo bango, na misumari yake."

Noelene alikishika kikapu kwa mikono miwili. Karatasi ile chini ya sweta aliiona kama kwamba kila mtu anaiona.

"Sasa?" aliuliza.

"Sasa tunampumzisha kwa sindano," alisema daktari. "Hii leo, kabla watu hawajajaa. Anaumwa sana, mama. Hawa hawalii, lakini anaumwa."

"Shida ni kumshika," alisema Trent. "Ijumaa tulimkimbiza, akajibamiza kwenye wavu mpaka pua ikatoka damu. Hawa hofu tu yaweza kuwaua, wakafa wanatetemeka misuli yote. Sitaki afe hivyo. Ndiyo maana nilitaka kukuita. Wewe atakuja kwako."

Ng'ambo ya bwawa familia moja ilikuwa imewasha jiko la bustanini, na harufu ya soseji na vitunguu ilifika mpaka pale. Mtoto alikuwa anapiga kelele za furaha. Trent alifungua geti. Noelene akaingia, akaketi kwenye nyasi kavu, miguu ameinyoosha, kikapu pajani.

"Dizeli. Njoo, mama. Njoo basi."

Sikio moja liligeuka. Tu.

Alimwita kwa sauti ya jikoni, akagonga ulimi kama wakati wa chupa. Dizeli alijiinua nusu, akayumba, akalala tena. Daktari alinong'ona kitu. Trent akajibu kwa sauti ya chini, "Mngoje kidogo, mngoje," lakini tayari alikuwa anaukunjua wavu wa kukamatia, na Dizeli aliuona wavu. Alisimama wima, macho yamemtoka, kifua kinakwenda mbio.

Noelene alijua kitu ambacho kingemleta. Kilikuwa pajani kwake. Akikitoa, Trent atajua, na mji mzima utajua, maana Wirrabilla si mahali pa siri. Asipokitoa watamkimbiza, naye atakufa akiikimbia mikono ya watu, yeye ambaye hakuwahi kumwogopa mtu.

Akatia mkono chini ya sweta. Karatasi ikachakacha.

Dizeli alisikia. Masikio yote mawili yakasimama. Akaja polepole, mkia ukimsaidia, akanyoosha vile vimikono, na Noelene akampa kijiti kimoja.

"Mama G..." alisema Trent.

"Nyamaza, Trent. Nilaumu baadaye. Weka huo wavu chini."

Akauweka.

Dizeli hakuweza kula. Alikishika tu kijiti kwa mikono miwili, akakinusa. Noelene alimvuta taratibu mpaka kichwa kikalala pajani, akamfunika macho kwa sweta, kama vile ndani ya foronya. Shavu lililofura lilikuwa linatoa joto kama pasi. Lilinuka. Daktari alipiga magoti, akachoma sindano ya kwanza, na kile kifua kilichokuwa kinakwenda mbio kikaanza kutulia chini ya kiganja cha Noelene. Sindano ya pili hakuitazama. Alikuwa anaimba kitu bila maneno, kile alichokuwa akiimba usiku wa chupa.

"Amekwenda," alisema daktari baada ya muda.

Noelene hakuondoka. Mkono wake uliteremka tumboni mwa Dizeli, ukatafuta mdomo wa mfuko, ukaingia.

"Hamna kitu humo, Mama G," Trent alisema. "Madume wetu wote wamehasiwa. Unajua."

"Najua."

Ila aliuacha mkono humo mpaka akawa na hakika. Mfuko ulikuwa laini na una joto, na ulikuwa mtupu.

Trent alichutama, akaanza kuokota vijiti vya tosti vilivyomwagika kutoka kwenye karatasi, kimoja kimoja.

"Kila Jumapili?" aliuliza bila kumtazama.

"Kila Jumapili. Na siku hizi nilikuwa nauchovya kwenye chai."

Trent alifumba macho. Kule kwenye tundu lake kasuku alikohoa kikohozi chake kirefu, akasema, "Aah, basi tena."

"Watu wataniuliza," Trent alisema hatimaye. "Watoto wa shule wanampenda. Nitasema ni mkate tu. Mkate wa mtu. Si lazima wajue."

Noelene alijaribu kusimama, Trent akampa mkono. Aliushika. Haukuwa mkono wa kusamehe wala wa kukasirika, ulikuwa tu mkono wa kumwinua mtu.

"Sema ni wangu," alisema. "Andika hapo kwenye bango ukitaka. Hawa wanaokuja na mikate wanampenda kama mimi, hawatakusikia wewe. Waambie aliyemlea ndiye aliyemuua."

Aliliacha sweta pale lilipo, juu ya macho ya Dizeli. Akatoka na kikapu chenye chupa ya chai ambayo hakuifungua, akapita kando ya bwawa, akawapita wale wa soseji. Mtoto mmoja alikuwa amesimama mbele ya mama yake na kipande cha mkate mkononi, anauliza kama anaweza kwenda kumpa kangaruu.

Noelene akasimama, akamgeukia yule mtoto.