Mistari Miwili Myekundu

Jirani yetu wa mtaa wa Kimanga, hapa Uvira, alistaafu kazi ya posta zamani, lakini mpaka leo hagusi karatasi kabla ya kufuta mikono kwenye kitenge. Watu humletea bahasha za mababu zao. Huzishika kwa ncha, huziinamisha kuelekea mwanga wa mlangoni, kisha husoma mihuri kwa sauti ndogo: Anvers ya Ubelgiji, Léopoldville, Uvira. Juzi Mwamvua alimletea bahasha ambayo haijawahi kufunguliwa. Babu yake, aliyekuwa baharia, aliituma kutoka Ulaya enzi za ndege za kwanza. Maneno “Par avion”, yaani kwa ndege, yalikuwa yamekatwa kwa mistari miwili myekundu, na bibi yake, asiyejua kusoma, aliamini mpaka kufa kwamba mumewe ndiye aliyeichora, kwamba amewafuta wao, kwa hiyo hakuifungua.

“Hapana, mwanangu,” jirani alisema, kidole chake kikiifuata mistari polepole. “Hii ni mukono ya posta. Ndege iliishia Léopoldville, ndiyo wakafuta. Toka pale barua ilipanda boti na treni. Ilikuwa inakuja kwenu.”

Mwamvua akamsogezea bahasha. “Unifungulie, mama. Miye naogopa.”

“Fungua weye. Aliandikia nyumba yenu.”

Akavuta kiti chake karibu na cha Mwamvua, akangoja naye.