Nyasi za Nduguti Zilizokataa Kung'oka

Mimi si mtu wa safari. Mke wangu husema nikipita kisima tu, naanza kuulizia habari za nyumbani. Lakini mwaka ule kaka yake, shemeji Kitundu, alituma neno kwetu Issuna: ng'ombe aliyetupatia tumtunze na kumkamua, kama amebaki mifupa, mvua zikitulia atakuja na kamba amchukue. Ng'ombe ana mimba, watoto wanasubiri maziwa, malisho yetu ni vumbi!

"Kwetu Nduguti kuna nyasi za porini zisizokufa kiangazi," mke wangu akasema. "Nenda ukachimbe. Au niende mimi, wewe ulinde moto?"

Singida mjini, asubuhi. Mabasi ya watu binafsi yalikuwa yameshamiri, na wapiga debe wawili walinivuta, kila mmoja na mkono wake. Sijawahi kupendwa hivyo.

Kutoka Kiomboi nilipanda lori, juu ya magunia ya vitunguu. Nikafika Nduguti nanukia kachumbari.

"Mnyaturu katoka nyumbani!" shemeji akapiga kelele. "Anueni vitu muingize ndani, itanyesha mvua ya mawe!"

Kesho yake akanipeleka bondeni nichague mwenyewe. Nikachagua nyasi za kijani kibichi, karibu na kisima.

"Vuta," akasema.

Nikavuta kwa nguvu zote. Zikatoka kirahisi, nikakaa chini kwa kishindo.

"Hizo za masika moja, zinaishi kwa maji ya ndoo. Sasa vuta lile."

Alionyesha fungu la kijivu, kavu kama ufagio wa zamani. Nikavuta, nikavuta tena. Kilichoachia ni mshono wa suruali yangu ya mtumba. Shemeji alipomaliza kucheka, akafukua kwa jembe. Chini, kila shina lilikuwa limevimba, gumu, na ndani bado lina ubichi. Mizizi ilishuka chini zaidi ya pale jembe lilipofika. Masuke yalikuwa kama mkia wa kindi. Yakiwa machanga huwa ya zambarau, sasa yamegeuka hudhurungi, na vinywele vyake vimening'ang'ania hadi magotini.

"Nichukue na mbegu?"

"Mbegu mpya hulala kwanza miezi mingi kabla ya kuota, shemeji. Ukizipanda sasa utazitukana bure. Beba mashina na mizizi yake."

Kwenye basi la kurudi kondakta aliniuliza kama kwetu takataka zimeisha. Nyumbani, mke wangu akachungulia gunia. "Umesafiri kote huko kuniletea ufagio?"

Mvua za kwanza zilipolowesha ardhi tukapanda. Kila asubuhi nilikwenda kuangalia kabla ya chai. Kijivu. Kijivu. Halafu siku moja, katikati ya ule ukavu, ncha za kijani, nyembamba kama sindano. Nilimwita mke wangu kwa sauti ya mtu aliyeumwa na nyoka.

Mvua zilipotulia, shemeji akaja, kamba begani. Ng'ombe bado alikuwa mwembamba. Hakumtazama sana, alikwenda shambani, akashika fungu moja, akavuta. Likakataa. Akavuta kwa mikono miwili. Likakataa.

Akanirushia kamba. "Utamfungia ndama."

Tangu hapo sisifii kijani kabla ya kuvuta. Na mke wangu akinicheka kwa kukaa nyumbani, namwonyesha shamba: aliye hodari kuliko wote niliokutana nao safarini hakutaka kabisa kutoka kwao.