Mfalme Niliyemfisha Kitandani

Wasomaji wenzangu, nikipita karibu na maktaba ile ya hapa Dodoma bado nainamisha uso. Mama mmoja, mwanahistoria kutoka Mpwapwa, aliahidi kuiandikia dibaji riwaya yangu ya kwanza. Nami nikaahidi kuvizungumzia vitabu vyake viwili kuhusu mfalme wa Uingereza aliyegombana na Bunge, siku ya kuvizindua humo maktabani. Nilisoma cha kwanza tu. Humo mfalme anafunga Bunge na kutawala peke yake. Yaliyobaki nikaona nitayabuni. Si mtunzi mimi?

Jukwaani nikapaa. "Akazeeka kwa amani," nikasema kwa sauti ya kutetemeka, "akafia kitandani, wajukuu wamemshika mikono."

Mzee mmoja akauliza kutoka nyuma, "Mikono wameshika wajukuu, na kichwa kakishika nani? Si walimkata?"

Kicheko kikalipuka. Mama mwanahistoria akanisogezea kipaza sauti. "Mwanangu, tusomee mwisho wa kitabu cha pili."

Nikakiinua. Kilikuwa bado kwenye nailoni yake, na ukumbi mzima ukasikia nikiichana.

"Na dibaji yako," akauliza taratibu, "niiandike hivyo hivyo?"