Upande wa Tatu

Harufu ya vumbi linaloungua ndani ya kompyuta kuukuu hunirudisha utotoni hadi leo. Mama alikuwa na kibanda cha kuchapa karibu na stesheni ya Tabora. Kaka alimwekea programu iliyogawa skrini kuwa pande nne kama za boksi linalozungushwa kwa vitufe, kila upande na kazi yake. Nilidhani mama anaujua upande mmoja tu.

Asubuhi moja padri kutoka Kipalapala alikuwa akisubiri ratiba ya mazishi ichapwe. Mama alipoinuka kuchukua karatasi, nikabonyeza vitufe nicheze. Boksi likazunguka, ratiba ikatoweka.

"Mama, mwili umeshafika kanisani," padri alisema.

"Umegusa nini wewe? Irudishe!" mama akanigeukia.

Nikageuza. Upande uliofuata ulikuwa mtupu. Wa tatu ulikuwa na barua: "Mume wangu, safari hii usirudi."

Kiganja cha mama kikafunika skrini.

"Geuza," alinong'ona.

Ratiba ilikuwa upande wa nne.

Jumamosi baba alirudi kutoka safarini, akashuka kwenye treni ya kutoka Kaliua. Mama alisimama kando yangu; nikampokea baba begi, nikamwamkia.

"Marahaba. Habari za hapa?"

"Nzuri tu," nikajibu haraka, kabla mama hajafungua mdomo.